Marehemu wa Ghorofa ya Kwanza

Achille alikuwa mwanamume wa aina ya kuomba radhi kioo kabla ya kukipa mgongo. Larissa alilijua hilo kuliko mtu yeyote mjini Durban, maana duka la simu alimofanya kazi, pale Warwick, lilikuwa na kabati la kioo mbele, na Achille, aliyekuwa na meza ya mikanda na miwani ya jua jirani na stendi ya taxi, alikuja kulitazama kabati lile asubuhi, mchana na jioni. Hakuwahi kununua hata kifuniko cha simu. Alikuja kujitazama. Akishahakikisha kwamba bado yupo, na koti lake zito katika joto ambalo hata kuta zilikuwa zikitoa jasho, alimtupia Larissa jicho na kusema, "Dada Larissa, unaona vile kitu iko mahali yake?"

Kitu chenyewe ilikuwa kola.

Larissa hakumchukia. Kumchukia mtu ni kazi, na yeye kazi alikuwa nayo ya kutosha, vioo vya simu vilivyopasuka vilimsubiri kwenye ndoo. Alimdharau tu, polepole na kwa starehe, kama mtu anayekula karanga.

Kisha wakaja Wakorea.

Tamthilia yao, *Ngazi*, kila mtu alikuwa ameshaiona. Msimu wa kwanza uliwaliza watu katika saluni zote za Wakongo, kwa sauti za Kifaransa zilizobandikwa juu ya midomo ya Kikorea, mpaka wateja wengine wakarudi makwao wamesukwa upande mmoja. Hadithi yenyewe ni nyepesi: watu wamefungiwa usiku mmoja ndani ya jengo refu lisilo na lifti, na kila ghorofa inadai watu wake. Sasa ikavuma kwamba Wakorea wamekodi kiwanda kikuukuu kule Jacobs, wamejenga ngazi ndani yake mpaka juu kabisa, na wanarekodi msimu wa pili na wa tatu kwa mkupuo mmoja. Sababu ni kwamba usiku wa hadithi ni uleule. Msimu wa pili watu wanapanda; msimu wa tatu, waliosalia wanateremka. Na walitaka watu wa kujaza ngazi, wageni, sura za kila taifa.

Habari ililetwa dukani na Ngina, Mkenya aliyekuwa akisomea shahada ya pili na kupanga chumba Glenwood, na ambaye simu yake ilikuwa imetumbukia chooni tena.

"Twende, Larissa. Hawataki mtu anayejua kuigiza. Wanataka mtu anayejua kupanda ngazi na kuogopa. Mimi nina msimamizi wa tasnifu, kuogopa nimeshahitimu."

Walienda, wakachukuliwa wote wawili. Achille naye akaenda, kavaa miwani mitatu, mmoja machoni, mmoja kichwani na mmoja ukining'inia kifuani. Akachukuliwa pia, jambo lililomfanya Larissa atilie shaka macho ya Wakorea.

*

Kanisa la Larissa na Achille lilikuwa juu ya duka la mapazia, na lilikuwa na desturi moja ambayo wageni waliielewa kwa shida: ushuhuda wa imani. Makanisa mengine mtu humngoja Mungu atende, ndipo asimame kushukuru. Kwao ilikuwa kinyume. Unashukuru kwanza, mbele ya watu, kana kwamba jambo limeshatimia, halafu Mungu anabaki na kazi ya kukufuata nyuma akikimbia. Kuna baba aliyeshukuru kwa hati za ukaazi na hadi leo analala macho wazi akisikia king'ora. Kuna mama aliyeshukuru kwa mapacha kabla hata hajapata mume. Na ushuhuda ukishatoka haurudishwi. Kuurudisha ni kumwita Mungu mwongo mbele ya kwaya.

Jumapili kabla ya kazi kuanza, Achille akaomba maiki. Alipanda jukwaani taratibu, akitoa nafasi kwa watu wa pande zote mbili wamtazame.

"Wandugu, Bwana asifiwe! Kule kwa ba-Coréens, watu watakufa. Saison ya pili itakula watu kama moto inakula majani. Lakini miye Achille, sitakufa! Kwa imani nimeshavuka. Mnaniona hapa, niko kwa saison ya tatu!"

Kinanda kikaitikia. Vigelegele vikapigwa.

"Na Bwana hakunipa saison peke yake. Alinionyesha na bibi. Bibi yangu iko humu ndani, benchi ya tatu, na robe ya kijani."

Vichwa vyote viligeukia benchi la tatu, na gauni la kijani lilikuwa moja tu. Tantine Marie-Louise, shangazi aliyemlea Larissa tangu Bukavu na kumvusha mipaka yote kwa mkono mmoja huku mwingine umeshika sufuria, alikuwa ameshapiga magoti na kulia kwa shukrani. Pasta Léonard akateremka na maiki.

"Dada Larissa, unajibu nini kwa neno la Bwana?"

Hapo mtu mwenye akili angesema hapana. Lakini hapana mbele ya tantine aliyepiga magoti ni vita ya nyumbani, na Larissa alikuwa analala chumba kimoja na yule mama. Akamtazama Achille pale jukwaani. Huyu mtu, akawaza, hawezi kuvuka kwenye robot, zile taa za barabarani za Warwick, bila kujitazama kwenye vioo vya magari. Anasubiri taa ya kijani, kisha anapitwa nayo. Ngazi ya Wakorea itamla hata kabla hajakohoa. Basi akaona amepata njia ya kumkataa huku kanisa zima likishangilia.

"Naapa mbele ya Bwana," alisema, akaisikia sauti yake ikirudi kutoka kwenye spika. "Kama ndugu Achille atafika saison ya tatu, akuje kwa tantine na wazee wake. Nitafungua mlango mwenyewe, na jibu langu ni ndiyo."

Watu walisimama. Pasta alirukaruka. Larissa akakaa chini na tabasamu la mtu aliyeahidi kutoa ng'ombe siku bahari ya Durban itakapokauka.

*

Achille alikufa siku ya kwanza kabla ya chai.

Walikuwa wamepangwa chini ya ngazi, umati mzima, wamevaa ovaroli za kijivu za wafagiaji na wachukuzi wa lile jengo. Achille alipenya kwa viwiko mpaka akasimama bega kwa bega na Larissa, kola ya shati lake la zambarau imechomoza juu ya ovaroli, ingawa wapambaji walikuwa wameshairudisha ndani zaidi ya mara moja. Kamera ikawapitia taratibu, uso kwa uso. Mwongozaji, Bwana Seo, alikuwa mtu mfupi mwenye kofia ya kuvulia samaki, asiyepandisha sauti kamwe.

King'ora kikalia. Watu wakapanda mbio, wakisukumana, wakilia, wengine kwa Kiswahili, wengine kwa Kizulu, Ngina kwa Kikuyu. Larissa alikuwa ameshafika nusu ya ghorofa alipogeuka kuona kwa nini ubavu wake umekuwa mwepesi. Achille alikuwa amesimama katikati ya ngazi. Kifo kinapanda nyuma yake, na yeye ameigeuzia kamera uso, ameinua kidevu, anarekebisha kola.

Bwana Seo akasema neno moja. Bibi Han, mkalimani, akaligeuza kwa Kiingereza chake kisafi.

"Mwongozaji anauliza, huyu ni nani?"

"Achille!" akajibu Achille, akiona nyota imewaka.

Bwana Seo akasema neno jingine, fupi zaidi.

"Mwongozaji anasema utafia hapa."

"Hapa wapi?"

"Hapo uliposimama."

"Lakini miye... nimeshavuka," Achille alisema, na Larissa ilimbidi aume mkono wa ovaroli yake.

Wakamlaza chali, miguu juu, kichwa chini. Wakammwagia damu ya sharubati kifuani. Aliomba isifike kwenye kola. Ikafika. Jioni wale waliokufa walishukuriwa, wakapewa sanduku la chakula na kuambiwa wabaki majumbani kwao.

Katika basi dogo la kurudi mjini, Larissa alikuwa na furaha ya kutosha watu wawili. Shida ilikuwa moja tu: mkataba. Wote walikuwa wameapishwa kwamba yeyote atakayetaja nani amekufa na nani yu hai ataondolewa, na sehemu yake itarudiwa na mtu mwingine. Na tantine Marie-Louise hakuwa mtu wa kuambiwa siri. Jambo alilolisikia akinywa chai, Warwick nzima ililijua kabla ya kikombe kukauka.

"Nyamaza tu," Ngina alimshauri. "Hatakuja tena Jacobs. Watu wataona yuko kwa meza yake ya mikanda, watajua wenyewe."

Walikuwa hawamjui marehemu.

Kesho yake asubuhi Achille alifungasha mkoba, akamwachia binamu yake meza ya mikanda, akapanda taxi ya Jacobs mbele ya macho ya kila mtu. Na kesho kutwa hivyohivyo. Larissa alimwona kwa dirisha la basi dogo: amekaa kwenye kreti kando ya fundi wa matairi, anakula amagwinya, yale maandazi ya Kizulu, kwa kidole gumba na cha shahada, kitambaa kimetandikwa kifuani mafuta yasidondokee koti. Alipoliona basi aliinama nyuma ya tairi la lori. Kola ikabaki juu, inaonekana.

Jumapili alikuja kanisani akichechemea.

"Ghorofa ya tano, wandugu," aliwaambia wazee mlangoni, akijishika goti. "Ile ghorofa iko nguvu sana."

"Pole, papa. Na ya sita?"

"Eish. Ya sita tuiombee."

Na wakaiombea. Pasta Léonard aliikemea ghorofa ya sita kwa jina, akaifunga, akaiponda kwa nyundo. Larissa, aliyekuwa amezipanda kweli ngazi zile wiki nzima, huku nyayo zimejaa malengelenge, alisimama katikati ya kelele hizo na kusema amina kwa meno yaliyobanwa.

Alimvizia nje, kwenye ngazi za duka la mapazia.

"Achille, wewe ulikufa."

"Polepole, dada. Kuta ziko na masikio, na mkataba uko na meno."

"Ulikufa wa kwanza! Hata wale waliokufa wa pili walikuruka."

"Kwa macho ya mwili, ndiyo." Alijitazama kwenye kioo cha mlango wa duka. "Lakini ushuhuda ulitangulia. Wewe tengeneza vikombe vya wazee tu."

Nyumbani hali ilikuwa mbaya zaidi. Tantine Marie-Louise alikuwa ameshaongea na wazee wa upande wa Achille, ameshachagua kitenge cha kupokelea wageni, ameshagombana na jirani kuhusu viti.

"Tantine, tungoje ile filamu itoke kwanza. Tuone kama kweli alifika."

"Filamu ya nini? Mtoto wa watu anaamka kila siku na saa ya jogoo, anarudi anachechemea, wewe unataka filamu? Larissa, vraiment, una moyo ya jiwe."

"Niliapa saison ya tatu, tantine. Bado tuko ya pili."

"Basi tunahesabu," tantine alisema, akakunja kitenge. "Mungu hachoki."

*

Msimu wa pili ulimalizika siku ya Ijumaa kwenye paa la kiwanda. Waliobaki walikuwa wachache, Larissa na Ngina wakiwamo, na Wakorea wakawakatia keki. Larissa alikula vipande viwili. Achille hakuwapo, na msimu wa tatu ulikuwa unaanza Jumatatu. Mwisho wa habari.

Jumatatu asubuhi lango la kiwanda lilikuwa na foleni ndefu. Larissa alizitambua sura zile mojamoja: yule dada wa ghorofa ya pili, wale ndugu wawili wa ghorofa ya nne, mzee aliyeanguka kwenye ya saba. Wafu wote walikuwa wamerudi, wameshika vikombe vya kahawa. Na mbele kabisa ya foleni, bila kuchechemea hata kidogo, alisimama Achille.

Ngina ndiye aliyeelewa kwanza, akajishika kichwa.

"Aki, Larissa. Tunateremka."

"Najua tunateremka."

"Ngazi ni ileile. Usiku ni uleule. Wale waliokufa tukipanda si lazima wawe bado wamelala pale pale?"

Larissa aligeuka kuitazama tena foleni.

"Uliapa afike msimu wa tatu," Ngina aliendelea, maana rafiki wa kweli hajui kunyamaza. "Hukusema afike akiwa na pumzi."

Achille alikuwa ameshawafikia. Alinukia manukato ya kutosha mazishi matatu.

"Dada Larissa. Samahani, niko na swali kidogo. Hii leo ni saison gani?"

"Toka hapa."

"Ni swali tu."

"Ya tatu."

"Asante. Nilitaka kusikia na mdomo yako." Akaenda kulala ghorofa ya kwanza, chali, miguu juu, kichwa chini.

Wiki zile Larissa aliteremka ngazi kama mtu anayeteremka kaburini. Kila ghorofa waliyoimaliza ilimsogeza karibu zaidi na yule marehemu wa ghorofa ya kwanza. Jumapili Achille alitoa taarifa kanisani, akiuchunga mkataba: "Siwezi kusema mengi. Nasema tu, nani alinisikia siku ile? Nimefika!" Kanisa likatikisika. Pasta akahubiri juu ya Lazaro bila kujua alivyokaribia ukweli. Tantine akapanga siku: Jumamosi inayofuata wazee wa Achille wangekuja kubisha hodi.

Ijumaa wakawa wamefika ghorofa ya kwanza. Bibi Han alimwita Larissa pembeni, macho yanamng'aa.

"Nina habari njema. Katika picha ya kwanza ya msimu wa pili, wewe na yule mwanamume mmesimama bega kwa bega. Tena anakutazama. Waandishi wameipenda. Wameamua alikuwa mume wako."

"Nani ameamua?"

"Waandishi. Wakati wa kupanda hukujua kwamba amekufa. Sasa unateremka, uko karibu kuuona mlango wa kutokea, unamkuta. Utapiga magoti umlilie. Kwa lugha yako, maneno yoyote unayotaka. Kamera itakuwa karibu sana na uso wako."

Larissa akatazama juu kuona kama Mungu anacheka. Palikuwa na taa tu.

Mara ya kwanza alipopiga magoti, marehemu alifungua jicho moja aone kama kamera inampata upande mzuri. Wakakata. Mara ya pili midomo ya marehemu iling'aa. Alikuwa amepaka mafuta kwa siri. Wapambaji wakamfuta. Bwana Seo akanong'ona jambo ambalo Bibi Han hakulitafsiri.

Mara ya tatu Larissa aliinama, akatoa kilio cha bandia kilichomfanya hata Ngina, juu ya ngazi, afumbe macho kwa aibu. Hapo Achille, bila kusogeza midomo, akasema kwa sauti ya tumboni, "Kesho, dada. Wazee wamekubali. Umetengeneza vikombe?"

"Kata," alisema Bwana Seo. "Mwambie dada huyu machozi yake ni ya plastiki."

Mara ya nne Larissa hakulia mara moja. Alikaa amemtazama. Alimwona tantine na kitenge chake, alimwona Pasta na nyundo yake, aliyaona maisha yake yote, asubuhi baada ya asubuhi, akingoja zamu ya kioo nyuma ya mtu huyu. Machozi yakaja yenyewe, ya moto, machozi ya hasira tupu. Akamshika ile kola kwa mikono miwili, damu ya sharubati ikamgandia vidoleni.

"Achille, sikiliza vizuri, maana umekufa na huwezi kunikatiza. Niliapa vibaya, na nitatubu kwa Bwana mwenyewe, mimi na yeye. Lakini wewe sikutaki. Hata ukifufuka leo, hata ukifika saison ya kumi, siolewi na wewe. Watu wengine wanakufa kwa ajili ya bibi zao. Wanakufa kwa ajili ya watoto. Wewe ulikufa kwa ajili ya kola, Achille. Kola! Na kifo kilikuwa kinapanda nyuma yako, unakisikia, na ukaona bora ikae sawa."

Mshika maiki, kijana wa Kikorea asiyejua hata neno moja la Kiswahili, alikuwa anafuta pua kwa bega.

Kisha Bwana Seo akainuka kwenye kiti, kwa mara ya kwanza tangu aje Durban.

"Kata! Maiti analia."

Na kweli. Chozi lilikuwa limetoka pembeni mwa jicho la Achille na kuteremka, kwa sababu kichwa kilikuwa chini, hadi kwenye paji la uso. Wapambaji wakalikausha.

"Mwongozaji anasema ilikuwa nzuri mno," alisema Bibi Han. "Anaomba urudie. Maneno yaleyale, neno kwa neno, ili sauti ilingane. Tunahitaji kuchukua kutoka kushoto, kutoka kulia, kutoka juu, halafu mikono peke yake."

Basi Larissa akarudia. Achille, sikiliza vizuri. Akarudia kutoka kushoto, kola, na maiti akalia. Akarudia kutoka kulia, saison ya kumi, na kidevu cha maiti kikatetemeka. Kufikia kamera ya juu alikuwa anasema bila hasira tena, kama mtu anayemsomea mwenzake maelekezo ya dawa, na hapo Achille akanyooka. Hakufumbua jicho, hakutafuta taa, hakujipanga. Alilala kama ubao, mdomo wazi kidogo, mbaya kabisa wa sura. Kwa mara ya kwanza katika maisha yake alikuwa anafanya jambo bila kuangalia nani anamwona. Larissa aliliona hilo, na haki ya Mungu, lilimpendeza kwa muda wa kumeza mate.

"Kata. Safi. Mwongozaji anasema hajawahi kupata maiti mzuri hivi."

Achille akaketi. Sharubati ilikuwa imemfika masikioni. Bibi Han akaja na kalamu.

"Yale maombolezo, maana yake nini? Lazima tuweke maandishi chini ya picha."

"Mwulize marehemu," alisema Larissa. "Yeye ndiye aliyeambiwa."

Achille akakohoa. Akaitafuta kola yake, akaiweka sawa.

"Anasema," akajibu kwa Kiingereza, "hatanisahau milele."

"Ah," alisema Bibi Han, akaandika. "Nzuri sana."

"Iandike hivyohivyo," Larissa akasema. "Lakini sauti yangu, mtaiacha?"

"Bila shaka! Sauti ndiyo roho ya picha. Mwakani itatoka dunia nzima kwa siku moja, kila nchi, na sauti yako ileile."

Bibi Han akaenda zake. Achille alibaki ameketi kwenye ngazi, na Larissa akamtazama jinsi habari ile ilivyomwingia kidogokidogo, kama maji kwenye kiatu. Wakorea watasoma maandishi. Wafaransa watasoma maandishi. Lakini Warwick haisomi maandishi. Warwick ina masikio. Saluni zote, stendi yote, kanisa lote, Bukavu nzima, hadi Mombasa na Kigoma, watu watamwona amelala kichwa chini huku anaambiwa kola.

"Wanaweza kuitoa ile sauti?" aliuliza, kwa sauti ndogo.

"Ndiyo roho ya picha," alisema Larissa. "Sharp, Achille, tumeelewana. Kesho vikombe vitakuwa tayari."

Jumamosi hakuna aliyebisha hodi. Wazee wa Achille walileta habari kwamba kijana ameingia maombi ya kufunga. Tantine Marie-Louise aliketi na kitenge kipya mbele ya viti vya kuazima mpaka chai ikaota ngozi, na hasira yake, ambayo Larissa alikuwa ameiogopa kwa wiki nyingi, ikageuka taratibu na kuelekea upande mwingine.

Jumapili Achille akaomba maiki. Alikuwa anawahi kabla picha haijatoka, hilo lilionekana. Mwaka si mrefu.

"Wandugu, nimefunga, nimelia. Na Bwana amenisemesha. Saison ya tatu ni kweli, nimefika. Lakini Larissa..." akatikisa kichwa kwa huruma kubwa, "Bwana amesema, mwanangu, huyu hapana. Moyo yake haiko tayari kwa nyota kama wewe. Namwachilia. Mbele yenu wote, namwachilia."

"Amina!" alisema Larissa, kabla ya kwaya, kabla ya Pasta, kabla ya kinanda.

"Mwache aende!" tantine akafoka, akamkumbatia mpwa wake na kumziba uso kwa kitambaa, akidhani mabega yale yanatikiswa na kilio. "Kupe huyo! Mtoto wangu ameapa mbele ya watu, na yeye anamkataa? Na kola kama ya shetani!"

Lakini Achille hakuwa amemaliza. Alikuwa anaangaza benchi za kwaya, kidevu juu, kama mtu anayechagua miwani.

"Bwana amenionyesha mwingine," alisema. "Iko humu ndani. Anaimba sauti ya kwanza, na leo amevaa bluu."

Clementina wa kwaya, aliyeketi benchi la mbele ya Larissa, alijitazama gauni. Pasta Léonard akaanza kuteremka na maiki. Larissa akajitoa mikononi mwa tantine, akainama mbele haraka mpaka mdomo wake ukafika sikioni mwa Clementina.

"Mjibu chochote unachotaka," alinong'ona, "lakini usitaje saison ya nne."